Nani Alimlipa Mpiga Enanga?

Buhaya, nchi ya Wahaya mkoani Kagera, mchezo mzima wa kuigiza uliwahi kubebwa na mtu mmoja. Alikaa chini na ubao wake wa enanga, akazipapasa nyuzi, na usiku ulipokolea akawa mfalme mwenye hasira, kisha mke wa mfalme mwenye lake moyoni, kisha mjumbe aliyefika akihema, kisha mpiga ramli asiyetaka kusema alichokiona. Hakubadilisha nguo wala hakusimama. Alikuwa na sauti, uso, na vidole ambavyo tayari vilikuwa na kazi nyingine. Wasikilizaji wake, wengi wao, waliijua hadithi kabla hajaianza, kwa hiyo hawakuja kujua nini kitatokea. Walikuja kuona safari hii mjumbe atahema vipi.

Wahaya humwita omuteezi w'enanga. Vitabu vya fasihi vimempa majina mengine: manju, mghani, mtambaji wa tendi. Majina hayo yanamtazama kama mshairi, na si kosa. Lakini ukimtazama kama mwigizaji, kama mtu anayekula kwa kuvaa nafsi za watu wengine, yanaibuka maswali ambayo mshairi huwa haulizwi mara nyingi. Alijifunzia wapi? Nani alimwita? Na, zaidi ya yote, nani alimlipa?

Swali la malipo ndilo linaloieleza historia ya kazi hii katika Bukoba na Muleba vizuri kuliko swali la kipaji.

Ulinganisho wa mbali unasaidia kuliona hilo. Kwenye sinema, watu wa kipaji cha namna hii huwekwa pembeni mwa nyota. Ndio wanaoigiza daktari, karani, shangazi mkali, mtumishi anayejua siri za nyumba. Jina lao halikai juu kwenye bango, ila bila wao filamu haisimami. Sweden ilikuwa na kundi zima la waigizaji hawa kati ya miaka ya 1940 na 1960, na Gunnar Björnstrand ni mfano mzuri. Alizaliwa Stockholm mwaka 1909, baba yake naye mwigizaji, akasomea kazi hiyo katika shule ya Dramaten, ukumbi wa maigizo wa kifalme. Miaka mingi alipanda jukwaani na kucheza filamu za kuchekesha, kisha mwongozaji Ingmar Bergman akamtumia katika filamu moja baada ya nyingine. Katika Det sjunde inseglet ya mwaka 1957, wakati shujaa aliyetoka vitani anacheza sataranji na Mauti, Björnstrand ndiye mtumishi wake Jöns, mtu wa kejeli na maneno makavu, ambaye watazamaji wengi humkumbuka kuliko bwana wake. Mwaka 1963, katika Nattvardsgästerna, alipewa nafasi ya mbele: mchungaji wa Kilutheri anayeongoza ibada huku imani yake ikiwa imekauka.

Kanisa la mchungaji yule wa kwenye filamu, Kanisa la Sweden, halikuwa geni Bukoba. Vita vya Pili vya Dunia vilipowaondoa wamisionari wa Kijerumani, Waswidi waliingia kuziba pengo. Msomi wao Bengt Sundkler alifanya kazi Bukoba miaka ya 1940, akarudi mwaka 1961 kuwa askofu wa kwanza wa Kilutheri huko. Mwaka 1964 alimwachia kiti Josiah Kibira, mzaliwa wa Bukoba, ambaye baadaye alikuwa Mwafrika wa kwanza kuliongoza Shirikisho la Kilutheri Duniani. Kwa hiyo wakati Björnstrand anavaa joho la mchungaji mbele ya kamera, wachungaji wa kweli wa kanisa lilelile walikuwa wakipanda na kushuka milima ya Kagera.

Mwaka huo wa 1963 una jambo kubwa zaidi kwa habari yetu. Sweden ilianzisha taasisi ya filamu na kuipa mapato ya kudumu: asilimia 10 ya kila tiketi ya sinema ingerudi kwenye filamu. Tanganyika, mwaka uleule, ilifuta mamlaka ya machifu, na pamoja nayo enzi za abakama, wafalme wa Buhaya. Kule mwigizaji alipata mlipaji mpya. Huku alimpoteza yule wa zamani.

Enanga yenyewe ni ubao uliochimbwa ukapata bonde, wenye meno kwenye ncha zake mbili. Nyuzi zake, saba au nane, kwa kweli ni uzi mmoja mrefu unaopitishwa kwenda na kurudi kati ya meno hayo. Zamani uzi huo ulitengenezwa kwa mishipa ya ng'ombe. Ala za ukoo huu zinapatikana pia Uganda magharibi, Rwanda na Burundi. Sauti yake ni ya chini, ya ndani ya nyumba, haigombani na ngoma, kwa hiyo inamlazimisha msikilizaji asogee na anyamaze. Hilo lilimfaa mwigizaji. Aliweza kuimba, kughani, kusema maneno makavu, au kunyamaza kabisa na kuziachia nyuzi zijaze nafasi hadi mhusika mwingine aingie. Pale palipokuwa na kiitikio, waliohudhuria walikibeba, naye akapata pumzi.

Tendi zenyewe zilimpa watu wa kuigiza wa kila daraja. Kuna Mugasha, bwana wa ziwa na dhoruba. Kuna Kachwenyanja. Kuna Rukiza, mtu wa Kyamutwara aliyesimama dhidi ya mtawala wake. Mashujaa ndio wanaoupa utendi jina, lakini shujaa hawezi kusemezana na hewa. Lazima awepo mama wa kumwonya, mke wa kumficha au kumfichua, mtumwa wa kupeleka habari. Omuteezi alilazimika kuwatengeneza wote kwa koo moja, na kuwatenganisha wasichanganyike.

Hakuwa peke yake katika ufundi huo. Jikoni, hadithi zilikuwa mikononi mwa akina mama. Watafiti wa Kimarekani Peter Seitel na Sheila Dauer walizinasa kwenye kanda, na Seitel akazichapisha mwaka 1980 katika kitabu ambacho jina lake ni jibu lenyewe la wasikilizaji wa Kihaya kwa msimuliaji: ona, nasi tupate kuona. Kwenye kurasa zake alijaribu kuonyesha mahali sauti inapopanda, inaponong'ona na inaponyamaza, karibu kama mwandishi wa tamthilia anavyomwelekeza mwigizaji. Uwanjani kulikuwa na ebyebugo, majigambo ya mpiganaji aliyejitokeza mbele ya omukama, yaani mfalme, na mkuki mkononi, akatamka jina lake, ukoo wake na aliyoyatenda. Na palikuwa na embandwa, waganga waliopandwa na Wamara, Mugasha au Irungu, wakasema kwa kinywa cha roho hizo.

Tofauti kati ya embandwa na mpiga enanga ina uzito. Mwenye kupandwa na Mugasha alikuwa Mugasha, na waliokuwepo walimpa heshima na woga unaostahili. Mpiga enanga alimwigiza Mugasha, na kila mtu alijua kwamba akimaliza atainywa rubisi yake, pombe ya ndizi, kama jirani mwingine yeyote. Wamisionari waliwapiga vita embandwa bila simile. Enanga, iliyosimulia habari za roho bila kuziita, ilikuwa na nafasi kubwa zaidi ya kupita.

Mlipaji wa kwanza mkubwa alikuwa ikulu. Karagwe, Kiziba, Kyamutwara, Kianja, Ihangiro, Bugabo, Maruku na Missenyi, kila dola lilikuwa na omukama na watu wake wa sanaa: wapiga ngoma, wapuliza pembe, watu wa enanga. Malipo yalikuwa ulaji wa ikulu: chakula, pombe, nguo, mifugo, na kwa mwenye bahati hata kibanja cha migomba. Yalikuwa pia kinga. Kusimulia habari za Rukiza mbele ya mtu mwenye uwezo wa kukunyang'anya kibanja si mchezo, kwa sababu utendi ule unampa raia mkaidi maneno makali dhidi ya mtawala. Kilichomwokoa msimuliaji ni uigizaji wake. Aliyesema si yeye, ni Rukiza. Kadiri alivyomwigiza Rukiza vizuri, ndivyo ilivyokuwa vigumu kumshika mwenyewe kwa maneno yale.

Wajerumani walipojenga kituo Bukoba mwaka 1890, wakiongozwa na Emin Pasha, hawakuzing'oa ikulu hizo. Walitawala kupitia hizohizo, na Waingereza wakafuata njia hiyohiyo. Hermann Rehse, afisa wa Kijerumani, aliandika kitabu kizima juu ya Kiziba, kilichotoka mwaka 1910, na Francis Lwamgira akaandika historia ya Kiziba kwa Kihaya, mwenyewe akiwa mtu wa ndani ya utawala ule. Kwa hiyo ukoloni, uliovunja mambo mengi, ulimwachia omuteezi mlipaji wake kwa zaidi ya nusu karne, ingawa omukama mwenyewe sasa alikuwa akipokea amri kutoka ofisi ya serikali.

Kisha ikaja fedha ya kahawa. Wahaya walikuwa wakitafuna akamwani, kahawa ya kutafuna, na kumkaribishia mgeni tangu zamani. Baada ya Vita vya Kwanza mibuni ilienea chini ya migomba kama zao la kuuza, na mauzo yakaweka shilingi mikononi mwa watu wasio na uhusiano wowote na ikulu. Mwaka 1950 wakulima walikuwa na chama chao kikuu cha ushirika, kilichojulikana kwa kifupi kama BNCU. Mkulima mwenye mavuno mazuri aliweza kufanya harusi ya kusemwa, na harusi ya kusemwa ilihitaji mtu wa enanga. Mlipaji akawa kijiji, na kijiji kilikuwa na ladha zake. Kilitaka vichekesho, kilitaka habari za mjini, kilitaka kumsikia mlevi na mwanamke mjanja pamoja na wafalme wa kale.

Mwaka huohuo wa 1950 Hugh Tracey, mkusanyaji wa muziki kutoka kusini mwa Afrika, alizunguka Tanganyika na mitambo yake na kunasa sauti za Wahaya miongoni mwa nyingine nyingi. Santuri za wakati ule zilichukua dakika chache tu kila upande. Utendi wa usiku mmoja hauingii humo. Kilichoingia ni kipande, wimbo, majigambo mafupi, na mwigizaji wa Buhaya alisikika mahali ambapo hakuonekana uso.

Kamera nayo ilikuwa imekwishafika Tanganyika, ila na watu wachache mno ndani yake. Kati ya mwaka 1935 na 1937, kutoka Vugiri katika milima ya Usambara, mradi wa Waingereza wa sinema ya elimu kwa Waafrika ulitengeneza filamu zaidi ya 30, zilizochezwa na Waafrika wasio na mafunzo na kuzungushwa kwa lori katika makoloni ya eneo hili. Mtindo uliopendwa wa filamu za aina hiyo ulikuwa wa watu wawili: mwerevu anayefuata ushauri wa bwana shamba au daktari, na mpumbavu anayeukataa na kuharibikiwa. Ukitoka kwenye enanga, yenye mama, mke, mtumwa na mpiga ramli, huo ni upungufu mkubwa wa watu. Mwigizaji alihitajika kuonyesha somo, basi.

Miaka ya 1950 mambo yalichangamka kidogo, na mtu aliyeng'ara ni Rashidi Kawawa, mtumishi wa serikali aliyeigiza katika filamu za Kiswahili kama Muhogo Mchungu kabla hajawa kiongozi wa wafanyakazi na, mwaka 1962, Waziri Mkuu. Sura yake ilijulikana kwenye pazia kabla haijajulikana kwenye siasa.

Ikulu zilipofungwa, omuteezi hakunyamaza. Alihamia pale palipokuwa na watu: vilabu vya pombe, harusi, sherehe za kitaifa, mikutano ya chama. Mashujaa wa utendi walipata majirani wapya, viongozi wa TANU na siasa ya Ujamaa, na aliyewahi kumsifu omukama akajua namna ya kumsifu mkuu wa mkoa. Redio Tanzania Dar es Salaam nayo ilitafuta muziki wa asili wa kila pembe ya nchi na kuupiga hewani. Hapo ukazuka mtego. Lugha za redio zilikuwa Kiswahili na Kiingereza. Wimbo wa Kihaya ulipita kama muziki, lakini hadithi ndefu ya Kihaya, yenye wahusika wanaojibizana, haikuwa na kipindi cha kuibeba. Kilichobaki hewani ni upande wa ala na sauti nzuri. Kazi ya kuigiza watu mbalimbali kwa sauti tupu ilichukuliwa na michezo ya redio ya Kiswahili, Pwagu na Pwaguzi wakiwa kinara, na wakulima wa Kamachumu na Rubya walicheka pamoja na wa Tanga kwa vitimbi vya watu wawili waliozungumza lugha ya taifa zima.

Wasomi walifika wakati watezi, yaani wapiga enanga, wa zamani wanazeeka. Mwaka 1970 Ruth Finnegan, katika kitabu chake kikubwa cha fasihi simulizi ya Afrika, alitia shaka kama Afrika ina utendi hasa. Mugyabuso Mulokozi, mzaliwa wa Kagera na mwalimu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, aliichukua hoja hiyo hadi nyumbani kwao. Makala yake ya mwaka 1983 iliuliza wazi kama watezi wa nanga wa Tanzania ni wasanii wa tendi, na tasnifu yake ya mwaka 1986 ilijibu kwa kuzikusanya na kuzichambua tendi zenyewe, zikiwemo za manju mashuhuri Habibu Selemani. Jina hilo la Kiislamu katika sanaa iliyojaa Wamara na Mugasha linaonyesha jinsi enanga ilivyovuka mipaka ya dini ambayo misikiti na misheni ilikuwa imechora Kagera. Mulokozi alisisitiza kwamba utendi haukai kwenye maneno peke yake, unakaa kwenye utendaji: mahali, ala, hadhira na mwili wa anayesimulia. Kwa lugha ya sinema, alikuwa akisema kwamba muswada si filamu.

Wakati Mulokozi anafanya kazi hiyo, huko Sweden Björnstrand alikuwa akimaliza yake. Katika Fanny och Alexander ya mwaka 1982 aliigiza mwigizaji wa jukwaa dogo la mji wa mkoani, tayari mgonjwa na kumbukumbu ikimponyoka, huku mwongozaji akirudia picha kwa subira hadi ipatikane. Alifariki mwaka 1986, mwaka uleule wa tasnifu ya Mulokozi. Filamu zake zipo, zinatunzwa, zinaonyeshwa. Kizazi cha watezi waliokuwa na umri wake kiliacha kanda chache, kurasa, na wanafunzi.

Fedha ya Sweden, hata hivyo, iliwahi kumfikia mwigizaji wa Tanzania. Chuo cha Sanaa Bagamoyo, kilichoanzishwa mwaka 1981, kilipata msaada mkubwa wa SIDA, shirika la misaada la Sweden, na wasanii kutoka mikoa mingi walipita hapo kujifunza jukwaa, ngoma na sarakasi. Mlipaji mpya wa sanaa nchini akawa mfadhili. Mfadhili ana mada zake, na Kagera mada ilijileta yenyewe: wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI kutambuliwa Tanzania walipatikana mkoani humo mwaka 1983, katika hospitali ya Ndolage, Muleba. Kwa miaka mingi baada ya hapo, aliyetaka kulipwa kwa kuigiza alijua kwamba igizo la afya lina bajeti. Mwerevu na mpumbavu wa filamu za kikoloni wakarudi, safari hii mmoja akipima na mwingine akikataa.

Aliyejaribu njia nyingine ni mtu wa Bukoba mwenye jina lilelile la askofu, Josiah Kibira, aliyehamia Marekani na kutengeneza filamu za Kiswahili huko Minnesota. Tusamehe, ya mwaka 2005, inahusu UKIMWI, lakini inauweka ndani ya ndoa ya wahamiaji, kwenye aibu na uongo wa watu wanaopendana. Kabla yake, Bongoland ya mwaka 2003 ilimfuata Juma Pondamali, Mtanzania asiye na karatasi anayehangaika kutafuta kazi, akichezwa na Mukama Morandi. Filamu hizi hazina shujaa wa mkuki. Uzito wake umo kwa watu wa kawaida wanaosema uongo kwenye simu wanapoulizwa na nyumbani maisha yakoje, na kwa marafiki wanaojua ukweli wakanyamaza. Watu wa namna hiyo ndio omuteezi alizoea kuwapitisha kwenye koo lake, kati ya wimbo mmoja na mwingine.

Leo mlipaji mkuu wa msanii wa enanga Bukoba na Muleba ni kamati ya harusi. Ina mwenyekiti, mweka hazina, kundi la WhatsApp na orodha ya matumizi: ukumbi, chakula, mapambo, muziki, picha za video, MC. Huyo MC ndiye aliyerithi sehemu kubwa ya kazi ya zamani: anaiga sauti ya shangazi wa bibi harusi, anamtania mjomba bahili, anawavuta wageni waitikie. Mpiga enanga bado huitwa, hasa pale familia inapotaka shughuli ionekane ya nyumbani kweli, naye hupewa nafasi kati ya kukata keki na kutoa zawadi. Utendi wa Rukiza unahitaji usiku mzima. Ratiba humpa nyimbo mbili.